Maua ya Buluu Nyuma ya Zizi

Mke wa Fundi alisimama mlangoni mwa sebule ya wifi yake, kikopo cha plastiki mkononi, kama mtu aliyetumwa kuomba chumvi. Ndani ya kikopo mlikuwa na kitambaa chenye unyevu, na ndani ya kitambaa mbegu nyeusi, ndogo kama ulezi uliobabuka kikaangoni.

"Hodi, wifi."

"Nimekuona tangu uliposimama. Ingia, au unasubiri nikutandikie zulia?"

Aliingia, akavua kandambili bila kuambiwa. Wifi yake, ambaye mtaa mzima ulimwita Dada Mkubwa, alikuwa ameketi kwenye kochi linalotazama dirisha, miguu yake iliyovimba ameinyoosha juu ya stuli. Kutoka hapo aliweza kuliona zizi, bomba la maji na chumba cha uani, bila kusogeza hata shingo.

"Nilikuwa naomba nafasi kidogo kwenye friji, wifi. Kikopo hiki tu."

"Kina nini?"

"Mbegu."

"Mbegu zinaumwa nini mpaka zilazwe?"

Mke wa Fundi alicheka kidogo, kwa sababu ilitakiwa acheke. Akaeleza. Haya ni maua ya nchi za baridi. Mbegu yake ikipandwa kwenye udongo wenye joto hulala tu mpaka ioze. Lazima kwanza ipigwe na baridi, idhani imepita majira ya barafu, ndipo iamke. Zile za mwanzo alizipanda kama anavyopanda mchicha, akamwagilia, akachungulia kila asubuhi, haikuchomoza hata moja. Pakiti ilikuwa na alama ya nyota yenye mikono sita, naye akadhani ni pambo. Kumbe ile nyota ni theluji.

"Kwa hiyo zinataka kudanganywa," alisema Dada Mkubwa.

"Ndiyo, wifi."

"Friji yangu ni ya maziwa. Mteja akikuta mbegu inaelea kwenye maziwa yake, utamjibu wewe?"

"Nitakifunga vizuri. Hakitafunguka."

Dada Mkubwa alimwacha asimame. Alitazama nje, akakuna goti, akaita paka, paka hakuja. Kisha akasema, "Weka chini kabisa, kwenye droo ya mboga. Na ukitaka kuzitazama, unapiga hodi. Sitaki kuona mtu anafunguafungua friji yangu kama kabati la shule. Ukimaliza, kwa Benki hapajafagiliwa."

Benki alikuwa ng'ombe. Dada Mkubwa alimwita hivyo kwa mzaha tangu alipozaa mara ya kwanza, na jina likamganda. Maziwa yake yalilipa umeme, yalilipa dawa za miguu, na, kama Dada Mkubwa alivyopenda kukumbusha, yaliwalisha na wale wawili wa chumba cha uani.

Wale wawili walikuwa mdogo wake na mkewe. Fundi alikuwa mwezekaji wa mapaa hadi alipoteleza kwenye paa akaanguka, nyonga ikaunga vibaya, na tangu hapo akatembelea gongo. Binti yao wa pekee alikuwa ameolewa mbali. Nyumba ya kupanga iliwashinda, wakaja hapa "kwa muda," na huo muda ukaendelea kujinyoosha mpaka wakaacha kuutaja.

*

Mtu aliyezileta mbegu alikuwa Mpambaji, mwanamke mwenye pikapu ya kijani aliyepamba kumbi za harusi mjini. Alikuwa amezoea kununua maua kwa Mke wa Fundi, ya njano na ya waridi, yale mepesi yanayoota hata ukiyatupa. Siku moja alikuja na pakiti, akaiweka juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Haya yanaitwa lakspa. Marefu, buluu kama wino. Maharusi wanayaona kwenye simu wanayataka, na mimi sina pa kuyapata, yakija kwa ndege yanafika yamechoka kama abiria. Nitolee ya harusi moja kubwa, niyaone kwa macho yangu. Ukiweza, shamba langu la maua kule nje ya mji nakuachia ulisimamie. Kuna nyumba pale, vyumba viwili, maji ndani."

Fundi alikuwa kwenye kibaraza, anasikia yote. Mpambaji alipoondoka alimwita mkewe.

"Vyumba viwili, mama! Kimoja tutakifanyia nini?"

"Utakuwa unaninunia humo."

Walicheka mpaka pazia la sebuleni likasogea. Wakanyamaza, kama wanafunzi walioshikwa.

Basi mbegu zilikaa baridini, na kila alipotaka kuzitazama Mke wa Fundi alipiga hodi, na kila alipopiga hodi alipewa kazi. Alifua mapazia. Alipanga sufuria. Alimkanda wifi yake miguu kwa maji ya chumvi, na Dada Mkubwa akisinzia huku anakandwa alionekana mtu mwingine, mdomo umelegea, uso umepoa. Mara moja alisema macho yamefumba, "Mikono yako mizuri, wifi. Mikono ya mama yetu ilikuwa hivi." Kwa Mke wa Fundi lilikuwa neno zuri la kwanza alilopewa katika nyumba ile, na lilimtia hofu kuliko masimango.

Joto lilipopungua na asubuhi zikaanza kuwa na ukungu, alizipanda. Hakuzipanda kwenye kitalu, maana mzizi wa lakspa ni mmoja na mrefu, na ukiuhamisha unakufa. Alizipanda palepale zitakaposimama, kwenye matuta nyuma ya zizi, akazifunika udongo mwembamba, na juu yake magunia, kwa sababu zilipenda giza. Kisha akangoja. Alijikataza kuchungulia, akachungulia. Na asubuhi moja alipoinua gunia akaona vijani vimetoka, vyembamba kama nyuzi za bizari, tuta zima, alichutama pale akajifunika uso kwa viganja vyenye matope.

Alivitafutia wavu wa kukinga jua la mchana. Alimwagilia chini ya shina, majani yasilowe. Na mapema kabisa aliwaambia wote wawili, mmoja kochini na mwingine kibarazani, "Majani haya msiyaguse. Ni sumu. Mnyama akila anakufa."

"Sisi si mbuzi," alisema Dada Mkubwa.

"Nimesikia, mama," alisema Fundi, sikio lake likiwa kwenye redio, ambapo mtu alikuwa anakaribia kufunga goli.

*

Mimea ilipofika magotini ilikuwa imesongamana, ikawa lazima ipunguzwe. Mke wa Fundi aling'oa ile dhaifu asubuhi nzima, mgongo ukimlia, akaijaza kwenye gunia, akalifunga mdomo na kuliegemeza ukutani ili ikinyauka aichome. Kisha akaenda kwenye bomba la mtaani, kwa kuwa la nyumbani lilikuwa limekauka tena.

Foleni ilikuwa ndefu. Aliporudi na ndoo kichwani, alimwona Benki amesimama katikati ya zizi miguu imepanuka, anatetemeka mapajani kama mtu mwenye homa. Alijaribu kupiga hatua, magoti yakakataa. Akaanguka kwa kifua. Mate yalimtoka, tumbo likaanza kujaa upande mmoja.

Gunia lilikuwa limening'inizwa kwenye nguzo ya zizi. Tupu. Limekunjwa vizuri, mara mbili, kama Fundi alivyokunja kila kitu, hata nguo chafu.

Daktari wa mifugo alikuja na pikipiki, akachoma sindano, akaingiza mpira tumboni kutoa hewa, akamwita Benki kwa jina kama mtu. Haikusaidia. Alipoinuka alikuwa na vipande vya majani kiganjani, vilivyookotwa kwenye hori.

"Hivi ndivyo vilivyomuua. Nani alimpa?"

Dada Mkubwa alikuwa ametolewa nje, amekalishwa kwenye kiti cha plastiki. Hakulia. Alikuwa anamtazama ng'ombe kama mtu anayetazama nyumba yake inaungua.

"Nani alimpa?" akarudia yeye, polepole.

Mke wa Fundi alimtazama mumewe. Alikuwa na uhakika atasema. Hakuwa mwongo, katika miaka yote ya ndoa yao aliwahi kumdanganya juu ya sigara tu. Fundi alikuwa ameshika gongo kwa mikono yote miwili, anaangalia ncha yake ilipozama kwenye matope.

"Sijui, dada," alisema. "Labda mama aliacha gunia karibu na zizi."

Nzi walikuwa wameanza kuja. Daktari alifunga mkoba wake, akajifanya anatafuta kitu mfukoni.

"Ulimwachia sumu mlangoni," Dada Mkubwa alimwambia wifi yake.

Mke wa Fundi alifungua mdomo. Aliiona ile nyonga, aliona lile gongo, aliona mahali mwanamume yule angeelekea kama geti lingefungwa nyuma yake. Akaufunga mdomo. Na kwa kuufunga, akawa amekubali.

*

Chumbani Fundi aliketi kitandani, mkewe akabaki amesimama, maana kiti kilikuwa kimoja na juu yake kulikuwa na nguo za kupiga pasi za Dada Mkubwa.

"Asubuhi dada aliniambia mwanamume mzima siwezi hata kumtupia ng'ombe majani, mpaka aombe majirani," Fundi alisema. "Nikaona gunia limejaa majani mabichi. Nikajiburuza nalo, mama. Nilianguka mara moja njiani. Nikasema leo ataona nimefanya kitu."

"Nilikuambia ni sumu."

"Uliniambia."

"Basi ungesema. Ungesema, dada, ni mimi, nilikosea."

"Anifukuze?"

"Wewe ni tumbo moja na yeye. Hawezi."

"Humjui. Wewe atakukasirikia, atasema, atachoka. Wewe si wake, hawezi kuumia sana kwa ajili yako. Mimi nikimwambia nimemmalizia kila alichokuwa nacho..." Akapitisha kiganja usoni. "Sina kwingine. Kuta hizi nne ndizo nilizobakiwa nazo."

"Na mimi nina kuta ngapi?"

Mke wa Fundi alichukua nguo za Dada Mkubwa, akaanza kuzipiga pasi. Alizipiga kwa nguvu hata meza ikawa inatembea.

Siku iliyofuata Dada Mkubwa alimwita. Alitaka mimea yote ing'olewe. Mke wa Fundi alipiga magoti kwenye lile zulia, jambo ambalo hakuwahi kulifanya hata alipokuwa bibi harusi, akamwomba aiache itoe maua. Mpambaji atalipa. Chote atakacholipa kitakuwa cha wifi yake.

"Chote," alisema Dada Mkubwa.

"Chote, wifi."

"Na hayo mambo ya kuhamia shambani kwa watu?"

Hakujua kuwa naye alisikia. Bila shaka alisikia. Dirisha lile lilisikia kila kitu.

"Umeniulia Benki. Utakaa hapa unitazame, mpaka nitakaposema basi. Tumeelewana?"

"Tumeelewana."

"Sasa nenda kawaambie wateja hakuna maziwa. Na uwaambie kwa nini. Mimi sitaki waseme nimemuuza."

Akaenda geti kwa geti. Kwenye la kwanza mama wa nyumba alisikiliza, kisha akaita watu wa ndani waje wasikie wenyewe. "Ng'ombe kafa kwa sababu ya maua? Maua ya kuweka mezani?" Wakacheka wasijizuie. Kwenye geti jingine mzee mstaafu alimuuliza kama maziwa ya jana nayo yalikuwa na sumu, akataka aape. Aliapa. Mwenye mgahawa mdogo hakumwacha amalize, alimrudishia chupa tupu za Dada Mkubwa zikiwa hazijaoshwa, akasema, "Mwambie mwenyewe tulimheshimu sana." Alizibeba chupa zile mtaa mzima zikigongana mfukoni, na kila aliyemjua alimuuliza, "Mama Maua, leo unauza chupa?"

Aliporudi alipiga hodi, akaeleza nyumba baada ya nyumba, kama alivyotakiwa. Kisha akachemsha maji ya chumvi.

*

Maua yalitoka. Yalitoka kama kwamba hayakuhusika na lolote, mnara juu ya mnara, buluu iliyokolea chini na kufifia juu kwenye vichipukizi, na nyuki wakayavamia. Wapita njia walisimama nje ya uzio wakachungulia. Zizi tupu lilikuwa mbele yake, na kwa sababu ya utupu huo maua yalionekana vizuri zaidi.

Mpambaji alikuja asubuhi, pikapu ikarudi kinyumenyume mpaka kwenye kibaraza. Alipoyaona alisahau kusalimia. Alitembea katikati ya matuta mikono hewani, kama anayeogopa kumwamsha mtoto.

"Dada yangu," alisema. "Dada yangu, umefanyaje?"

Walikata pamoja, wakaweka mashina kwenye ndoo za maji, wakapakia. Malipo Mpambaji aliambiwa ayapeleke sebuleni. Aliinua nyusi, lakini akayapeleka. Dada Mkubwa alitoka naye, akashikilia ukuta hadi kibarazani, akaketi karibu na mdogo wake.

"Basi hamia," Mpambaji alimwambia Mke wa Fundi, mbele ya wote, akijifuta mikono. "Hamia leo ukitaka, gari si hili hapa? Mvua zikianza nataka matuta yawe tayari. Na Mzee aje, kuna kivuli kizuri pale."

"Haendi mahali," alisema Dada Mkubwa.

"Samahani?"

"Aliniulia ng'ombe. Muulize. Aliniahidi atakaa, kwa mdomo wake, amepiga magoti."

Mpambaji alimgeukia. Mke wa Fundi alikuwa anaangalia mikono yake, iliyokuwa ya kijani mpaka kwenye vifundo. "Ni kweli niliahidi," alisema.

Gongo liligonga sakafu. Fundi alikuwa amejaribu kuinuka, akakaa tena.

"Si yeye, dada. Ni mimi niliyempa yale majani."

Alisema kwa sauti ndogo, ya mtoto. Kisha akainama, akingoja.

Dada Mkubwa hakugeuka hata kumtazama. "Najua."

"Unajua?"

"Nilikuona dirishani. Nilikuona umeanguka na gunia, ukainuka. Nikafurahi hata. Nikasema, leo mdogo wangu kaamka. Daktari aliposema majani, nikajua."

Mke wa Fundi aliinua macho kutoka mikononi mwake. "Ukanyamaza? Ukanipeleka kwa watu geti kwa geti, unajua?"

"Na wewe ulinyamaza. Ulikuwepo. Kwa nini hukusema?"

Mke wa Fundi alimtazama mumewe, kisha gongo lake.

"Ningemfanya nini huyu?" Dada Mkubwa akaendelea, na sasa sauti yake ilikuwa imepasuka. "Atanichotea maji? Atanikanda? Mimi kutoka kitandani mpaka chooni ni safari, wifi. Wewe ungepata hivyo vyumba vyako viwili ungegeuka nyuma? Sema kweli. Ungegeuka?"

"Ungeniomba," alisema Mke wa Fundi. "Ungeniomba tu, wifi. Kama ulivyoomba majirani majani."

Aliingia chumbani. Alichukua begi lililokuwa uvunguni, akatia magauni, sanduku la sindano, picha ya binti yao, kisu cha kukatia maua. Nguo za mumewe alizikunja pia, akaziweka pembeni mwa begi, juu ya kitanda, ili azione. Fundi alikuja akasimama mlangoni. Aliziangalia zile nguo kwa muda mrefu.

"Zinaingia," mkewe alimwambia. "Begi ni kubwa."

"Naona."

Hakusogea. Basi mkewe akavuta zipu.

Nje, Mpambaji alikuwa ameshawasha gari. Geti lilikuwa na kufuli, na ufunguo ulikuwa kwenye mfuko wa gauni la Dada Mkubwa. Mke wa Fundi alipanda nyuma, kati ya ndoo, kwa kuwa mbele kulijaa makasha ya vyombo. Mpambaji akapiga honi mara moja, kwa adabu. Dada Mkubwa aliweka kiganja juu ya mfuko, akatazama mbele.

"Sijui nimeuweka wapi," alisema.

Honi ikalia tena. Kwenye nyumba ya jirani mtu alitoka kuchungulia.

Fundi alishuka kibarazani, ngazi moja, kisha ya pili, akasimama mbele ya dada yake na kunyoosha mkono uliokuwa huru.

"Lete ufunguo, dada."

Dada Mkubwa aliinua macho. Hakumtazama wifi yake, wala gari, wala zile ndoo za buluu. Alimtazama yeye tu.

"Na wewe?"

"Mimi nipo."

"Unasema kweli?"

"Nimesema nipo."

Mkono wa Dada Mkubwa uliingia mfukoni, ukampa ufunguo.

Mke wa Fundi alitaka kuita. Alitaka kumwambia asiseme hivyo, kwamba huwezi kujitoa wewe mwenyewe kuwa nauli ya mtu mwingine. Lakini Fundi alikuwa ameshafika getini, ameegemeza gongo ukutani, anahangaika na kufuli kwa mikono miwili, mguu mmoja hewani kama korongo. Alilisukuma geti kwa bega. Gari lilipompita alikuwa karibu kiasi cha kuguswa, na alitazama maua, hakumtazama mkewe.

"Yamependeza, mama," alisema.

Akavuta geti kwa bega lilelile, akawa ndani. Komeo likalia.

Mpambaji alipaza sauti kutoka mbele, akishindana na injini: "Mzee anatufuata lini?"

Barabara ile ilikuwa mashimo matupu, na mashina ya lakspa yana uwazi ndani, huvunjika shingo kwa mtikisiko mdogo. Mke wa Fundi alizikumbatia ndoo, akayazuia yasianguke, shavu likiwa limezama kwenye buluu ile, mdomo umefumba. Hakuweza hata kujifuta uso. Mikono yote miwili ilikuwa na kazi.